"Mbona hakuna kinachotokea?" Asubuhi moja katika shule ya wasichana ya Kijapani

Swali: Shikamoo Mwalimu. Mpwa wangu aliniwekea kwenye flashi filamu ya Kijapani iitwayo Sakura no Sono, ya mwaka 1990. Akanisifia kwamba ni drama ya kisaikolojia ya shule ya wasichana, tena huko kwao ilishinda tuzo. Nikakaa kitako kusubiri. Wasichana wanaongea, wanavaa, wanaongea tena, wanahangaika na kisa cha sigara, wawili wanapiga picha, halafu wanakwenda jukwaani na filamu inaisha! Hata huo mchezo wenyewe hatukuonyeshwa. Nimekosa nini? Na wale wawili wa picha, ni wapenzi au ni marafiki tu? Nauliza kwa sababu nami nilisoma bweni, wasichana watupu, na kwa urefu wangu huu kila mwaka nilipewa kuigiza mwanamume. Yule dada mrefu alinigusa, lakini sikuelewa anaogopa nini. (Msomaji, Morogoro)

Marahaba, dada yangu. Kwanza nikutoe wasiwasi: mara ya kwanza kuitazama filamu hiyo, mimi nilisinzia. Nilizinduka wakiwa kwenye zile picha, nikadhani nimepitwa na mambo makubwa, nikarudisha nyuma nusu saa nzima. Nikakuta wasichana wanavaa. Kwa hiyo hujakosa kitu, umeona yote yaliyomo. Tatizo lako ndilo lililokuwa langu: ulikuwa unasubiri kwenye kituo ambacho basi halipiti.

Tuanze na jina, maana nusu ya jibu imo humo. Sakura no Sono, yaani shamba la micheri, ndilo jina ambalo Wajapani wameipa tamthilia ya Anton Chekhov kuhusu familia ya Kirusi iliyofilisika, ambayo shamba lake la micheri linapigwa mnada. Ilichezwa mara ya kwanza Moscow mwezi Januari 1904, na Julai ya mwaka huohuo mwandishi akafa kwa kifua kikuu. Wajapani waliichukua wakaifanya yao. Desemba 1945, miezi minne tu baada ya kushindwa vita, waigizaji wa vikundi mbalimbali waliungana Tokyo wakaicheza, katika jiji lililokuwa bado limejaa vifusi. Kwa hiyo shule ya wasichana inayoigiza tamthilia hiyohiyo kila mwaka, siku ya kuadhimisha kuanzishwa kwake, si kituko kwa mtazamaji wa kule.

Sasa kumbuka inavyokwenda tamthilia yenyewe. Mwenye shamba, Bibi Ranevskaya, amerudi kutoka Paris na madeni yake. Kila mtu nyumbani anajua kwamba mnada ni tarehe 22 Agosti. Wanafanya nini? Wanakunywa kahawa, wanakumbuka utoto, wanacheza dansi. Siku ya mnada inapofika, Chekhov hatupeleki mnadani. Anatuacha sebuleni na wanaosubiri, bendi inapiga, watu wanazunguka, mpaka Lopakhin, ambaye baba yake na babu yake walikuwa watwana wa shamba hilohilo, anaingia na kusema amelinunua yeye. Na mwisho kabisa, micheri inapokatwa, hatuoni mtu ameshika shoka. Tunasikia kishindo chake kwa mbali, basi.

Mwongozaji, Nakahara Shun (naandika majina kwa utaratibu wao, la ukoo kwanza), hakutaka kutengeneza filamu ya kuonyesha tamthilia hiyo. Aliiba mbinu yake. Kisa cha sigara kilichomponza Sugiyama, mmoja wa wasichana hao, kimeshatokea filamu inapoanza. Walimu wanaojadili kama mchezo ufutwe wako chumba kingine, na habari zao zinawafikia wasichana vipandevipande. Mchezo unaanza pale filamu inapokwisha. Kila jambo ambalo wewe na mimi tungeliita tukio limewekwa nje ya fremu. Kilichobaki ndani ni kusubiri, na namna watu wanavyotazamana wanaposubiri. Ukilipata hilo, dakika zile 96 zinakuwa fupi.

Kuna jambo moja kuhusu chanzo chake ambalo hulioni kwenye filamu yenyewe. Hadithi ilitoka kwenye katuni za Yoshida Akimi, mwandishi wa kike, zilizochapishwa mwaka 1985 na 1986 katika LaLa, jarida la wasomaji wasichana. Zilikuwa sehemu nne, kila sehemu na msichana wake, na kila sehemu ikiwa na neno "hana", yaani ua, kwenye jina lake. Katuni ina ruhusa ya kuingia kichwani mwa mtu: unasoma anachowaza, maneno yakielea pembeni mwa uso wake. Nakahara na mwandishi wa muswada, Jinno Hiroaki, wakafanya kitu cha kijasiri. Walizichukua zile sehemu nne wakazibana zote ndani ya asubuhi moja, kama saa mbili hivi kabla pazia halijafunguliwa, na yale mawazo ya kichwani yakahamia kwenye shingo zinazogeuka, kwenye nani ameketi karibu na nani, nani ametoka nje na nani akamfuata. Ndiyo maana mpwa wako akaiita ya kisaikolojia, na hakukosea. Ila neno hilo limezoea kutuletea mizimu na visu, kwa hiyo ukaingia umejiandaa kwa vita ambavyo havipo.

Kidogo kuhusu Nakahara, kwa sababu watu hushangaa mwanamume alijuaje kukaa na wasichana hivyo. Alikulia kikazi katika kampuni ya Nikkatsu, enzi ambazo ilikuwa ikitengeneza filamu za watu wazima za bajeti ndogo, na filamu yake ya kwanza kama mwongozaji, ya mwaka 1982, ilikuwa ya aina hiyo. Usikunje uso. Filamu zile zilipigwa haraka, kwa fedha kidogo, mara nyingi chumbani, na aliyetoka humo salama alikuwa amejifunza kupanga miili ya watu ndani ya nafasi ndogo. Mwaka 1991, baada ya hii unayoulizia, alitoa nyingine kuhusu wazee kumi na wawili wa baraza wanaobishania kesi ya mauaji wakiwa wamefungiwa chumbani. Huyu bwana mpe chumba, watu na saa ya ukutani, mengine atajua mwenyewe.

Twende kwenye sigara, maana nahisi hapo ndipo ulipochoka. Japani mtu haruhusiwi kuvuta mpaka atimize miaka 20, na sheria hiyo ni ya tangu mwaka 1900. Lakini uzito wa kisa haupo kwenye sheria. Upo kwenye mazoea ya shule zao kwamba kosa la mmoja ni kosa la kundi. Timu za besiboli za sekondari zimewahi kujiondoa mashindanoni, wachezaji wote, kwa sababu ya wachache waliokutwa na makosa. Kwa hiyo habari za Sugiyama zinapoingia chumbani, hakuna anayeuliza "ataadhibiwaje?" Swali lililotanda ni kama wote watanyimwa siku yao, na kama watamchukia. Sikiliza wanavyozungumza naye baada ya hapo. Wako wanaomtetea kwa sauti kubwa kidogo kuliko inavyohitajika.

Asubuhi hiyohiyo Shimizu, kiongozi wa kikundi, binti anayeaminiwa na walimu, anaingia amesokota nywele. Katika shule kama ile nywele za kusokotwa kwa dawa ni marufuku. Wenzake wanashangaa, wanacheka, halafu sigara inafunika habari za nywele, na wewe mtazamaji unazisahau. Usizisahau. Mtoto mwema hachagui siku ya sherehe kuvunja kanuni bila sababu. Kuna mtu alitaka amwone. Filamu haisemi nani, lakini ukifuata macho yake utajua: ni Kurata, yule mrefu, anayecheza Ranevskaya.

Na hapa ndipo penye mtambo wenyewe. Shimizu anamtazama Kurata. Sugiyama, mvuta sigara, anamtazama Shimizu. Kurata hamtazami mtu, kwa sababu anaitazama hofu yake. Hakuna hata mmoja anayetazamwa na anayemtazama. Umeona ulivyokuwa mzunguko mzito? Na unaendeshwa bila mtu kupiga kelele, katikati ya kelele za wasichana wengine wanaotafuta vitu vyao.

Sasa zile picha. Naomba uzitazame tena polepole. Shimizu anataka picha ya wao wawili, na hakuna wa kuwapigia, kwa hiyo wanatumia ile kamera ya kujipiga yenyewe baada ya sekunde kadhaa. Wanasimama mbali kwanza, wima, kama watu waliopanga foleni ya kitambulisho. Inapiga. Wanasogea mbele kidogo. Inapiga. Wanasogea tena. Na sisi tuko mahali pa ile kamera, kwa hiyo kila wakisogea wanasogea kwetu, mpaka nyuso mbili zinajaza fremu na hakuna tena pa kukimbilia, si wao wala sisi. Mwongozaji mwingine angesogeza kamera yake iwafuate. Huyu ameituliza, akawaacha wao ndio waje. Hatua zile chache za miguu ndizo tukio kubwa la filamu nzima. Na karibu yao, bila wao kujua, yupo Sugiyama anasikia.

Neno analolisikia ni "suki". Hapa mtazamaji anayetegemea maandishi ya Kiingereza chini ya picha anaonewa, maana Kiingereza kinamlazimisha mfasiri kuchagua: ama kupenda kwa kawaida, ama kupenda kwa mahaba. Mswahili halazimiki. Sisi tunapenda wali wa nazi, tunapenda Simba au Yanga, tunampenda bibi, na tunampenda yule ambaye hatulali kwa ajili yake, kwa kitenzi kimoja. Suki iko hivyohivyo, tena imetuzidi. Sisi angalau lazima tuseme "na-ku-penda", tuweke yule "ku" katikati, mtu ajulikane. Mjapani anaweza kusema suki peke yake, bila mpendaji wala mpendwa, akaiacha ielee. Shimizu anapolitamka, neno linaweza kurudishwa nyuma wakati wowote likawa la kirafiki. Huo ndio mlango wa dharura aliojiachia. Uzuri wa mandhari ile ni kwamba hautumii.

Angalia pia wanavyoitana. Miezi na miezi pamoja, chumba kimoja, jasho moja, lakini ni Kurata-san, Shimizu-san, jina la ukoo na heshima yake, kama watu wanaokutana ofisini. Maandishi ya chini aghalabu huzila hizo heshima. Ukizikosa, unakosa umbali unaovukwa kwa zile hatua mbele ya kamera.

Unauliza: wapenzi au marafiki? Nitakujibu kwa kuzunguka kidogo. Mwaka 1899 serikali ya Japani ilitoa amri ya kuanzisha shule za upili za wasichana nchi nzima, na ndani ya miaka michache kukazuka kizazi cha mabinti walioishi miaka yao ya ujana mbali na wavulana. Urafiki wao wa moyo, baina ya mkubwa na mdogo, barua, maua, machozi ya kuagana, ulipewa jina la herufi moja, "esu", kutoka neno la Kiingereza la dada. Mwaka 1916 mwandishi wa kike Yoshiya Nobuko alianza kuchapisha hadithi fupi za mapenzi hayo, kila moja ikibeba jina la ua. Sasa unaelewa yale maua ya katuni za 1985 yalikotoka. Wazazi na walimu waliyavumilia kwa hesabu rahisi: yatakwisha siku ya mahafali, binti ataolewa. Yoshiya mwenyewe hakukubali hesabu hiyo. Aliishi na mwanamke mmoja, Monma Chiyo, kwa miongo kadhaa, na mwaka 1957 akamwandikisha kuwa binti yake wa kuasili, kwa kuwa sheria haikuwa na njia nyingine ya kuwafanya ukoo mmoja.

Kwa hiyo mtazamaji wa Kijapani anapowaona Shimizu na Kurata, nyuma yao anaona miaka mingi ya watu wazima wakisema "ni mambo ya shule, yatapita". Nakahara hasemi yatapita, wala hasemi hayatapita. Amekatisha filamu kabla. Ukinibana nitasema hivi: anachohisi Shimizu ni mapenzi, na kukiita urafiki tu ni kumdhulumu. Anachohisi Kurata ni furaha ya kupendwa, siku ambayo alikuwa anajiona hafai. Havilingani, na sidhani kama Shimizu hajui.

Naja kwa huyo dada mrefu, ambaye kwa kweli ndiye wako. Shule ya wasichana ikicheza tamthilia yenye wanaume, lazima wasichana wavae suruali. Wewe unalijua hilo kuliko mimi. Japani wamelifanya sanaa kamili: huko Takarazuka, mfanyabiashara wa reli Kobayashi Ichizo alikusanya mabinti waimbaji mwaka 1913, maonyesho yakaanza 1914, na mpaka leo ni wanawake watupu jukwaani. Nyota wanaoabudiwa zaidi ni wale wanaocheza wanaume, na wanaowaabudu wengi wao ni wanawake. Kurata, kwa kimo chake, amezoeleka katika nafasi hizo. Mwaka huu amepewa Ranevskaya: mama, mwanamke wa mapenzi ya kijinga na machozi ya karibu, mwenye nguo inayoonyesha umbo. Wenzake wanaona amepandishwa cheo. Yeye anaona amevuliwa koti.

Jikumbuke wewe. Ulipovaa kofia na kupaka masharubu ya masizi, uliogopa? Nadhani hukuogopa sana, kwa sababu aliyesimama pale hakuwa wewe. Wakicheka, wanamcheka yule mzee. Sasa fikiria mwaka mmoja mwalimu angekwambia wewe ndiye bi harusi, na ukumbi wote ulishakuzoea kama bwana. Kila unyanyuapo mkono wangeutazama mkono wako, si wa mhusika. Hiyo ndiyo hofu ya Kurata, naona. Kusahau maneno ni sehemu yake ndogo. Na Ranevskaya naye, ukumbuke, ni mtu anayenyang'anywa mahali alipojificha tangu utotoni.

Kuna jambo la majira ambalo kwetu halionekani. Mwaka wa shule wa Japani huanza Aprili, na sakura huchanua siku hizohizo, zikadumu wiki moja au zaidi kidogo. Kwa hiyo wasichana wa mwaka wa mwisho wanacheza mwanzoni kabisa mwa mwaka huo, si mwishoni. Wana karibu miezi kumi na miwili mbele yao, lakini kwa kikundi chao cha maigizo ndiyo kwaheri. Nakahara anaianza filamu na Kaori, msimamizi wa jukwaa, ambaye yuko darasa la nyuma yao, akiwa na mvulana wake alfajiri katika chumba cha kikundi. Chumba kimeshapata mwenyewe mpya kabla wenye nacho hawajaamka. Na tofauti hii huwa inanichekesha: micheri ya Chekhov ilikuwa ya matunda, Firs mtumishi mzee anakumbuka yalivyokaushwa na kupelekwa Kharkov na Moscow kwa mikokoteni. Sakura ya bustani za Japani hupandwa kwa ajili ya maua tu.

Tuzo aliyokutajia mpwa wako ni ya jarida la Kinema Junpo, ambalo liliiweka namba moja kati ya filamu za Kijapani za mwaka 1990. Jarida hilohilo, kwa mwaka 1933, upande wa filamu za nje lilikuwa limeweka namba moja filamu ya Kijerumani kuhusu bweni la wasichana na binti anayempenda mwalimu wake. Wana historia na mambo haya.

Ukiona ile ya mwaka 2008 yenye jina hilohilo, ni mwongozaji huyohuyo aliyerudi, lakini hadithi ni nyingine na mimi sikuipenda, imeeleza mno. Na kama mpwa wako kweli alitaka ile saikolojia ya kutisha, mwelekeze kwenye Shojo ya Mishima Yukiko, ya mwaka 2016, kutoka riwaya ya Minato Kanae: mabinti wawili wa shule ya wasichana wanatamani kuona mtu akifa, mmoja anakwenda kujitolea hospitali ya watoto, mwingine kwenye nyumba ya wazee. Humo mambo yanatokea mpaka utaomba yapungue.

Lakini kwanza irudie hii ya 1990, na safari hii usimtazame anayeongea. Mfuate Sugiyama peke yake tangu anapoingia. Ukifika kwenye picha, zihesabu ni ngapi, kisha uniandikie, maana mimi na mke wangu tumebishana tukashindwa, na hakuna aliyetaka kurudisha nyuma.